Mzega wa Mfaume

Haya nitakayosimulia hamtayaamini, wala siwalaumu. Hata mimi, niliyefika darasa la nne na kumshinda mwalimu kwa hesabu, niliyameza kwa shida.

Mpwa wangu Lukumani, fundi viatu wa hapa Kanyenye, Tabora, alipigana vita vya Kagera katika kikosi cha mizinga. Kwenye mzinga wake alipangwa pamoja na Mfaume, Mzaramo wa Kisarawe. Mnyamwezi na Mzaramo ni watani tangu enzi za misafara, basi wawili hao walitukanana kuanzia chai ya asubuhi, na hakuna aliyenuna.

Masika ya mwaka sabini na tisa, lori la makombora likazama kwenye tope. Amri ikatoka: kila askari abebe kombora moja begani mpaka ng'ambo ya kinamasi.

"Leo utaijua kazi, mtani," Lukumani akasema. "Babu yangu alibeba pembe toka Ujiji mpaka Bagamoyo. Babu yako alikaa njiani akiidai misafara hongo ya kupita."

"Babu yako alikuwa punda, mtani. Punda hajisifu."

"Basi mshinde punda. Beba mawili."

Mfaume akacheka. Akakata mti, akafunga kombora huku na kombora huku, mzega kamili wa kipagazi, akaingia majini akiimba. Katikati akateleza. Mzega ukamlalia shingoni, uso topeni. Walipomfikia alikuwa ameshakata roho. Mizinga ilikuwa inasonga mbele, wakamzika harakaharaka, na Lukumani hakupata hata nafasi ya kumtania maiti, kama mtani anavyopaswa msibani.

Huu ni mwaka wa tatu Bi Mwanajuma, mama yake Mfaume, anatuma salamu kwa kila anayepanda treni kuja Tabora: mtani wa mwanangu aje anieleze alivyokufa. Salamu zikifika, Lukumani huinamia soli kama kiziwi. Hiyo treni hapandi. Jana ndipo akaniambia, "Mjomba, siwezi kumtazama usoni yule mama. Niandikie barua. Useme ni mimi niliyemchokoza."

Nikaona nimpunguzie mzigo kidogo, maana kalamu nimejaliwa. Nikawa naandika huku namsomea: "Mama, mwanao hakuwa peke yake. Siku ile Lukumani naye alifunga mzega, akabeba makombora manne, akavuka kinamasi mara tatu bila kupumzika, na alipofika..."

"Moja," Lukumani akasema, nyundo ikiwa hewani. "Mimi nilibeba moja, mjomba. Futa hapo."