Karani wa Kadi katika Vita vya Kitabu cha Nyuki

Siku yangu ya kwanza kazini, Kasulu, mwaka 2012, nilikabidhiwa meza ya miguu mitatu na nusu, sanduku la kadi tupu na onyo. Nilikuwa nimetoka kuhitimu shule ya jioni, cheti bado kina joto, najiona nimesoma kuliko kabati la vitabu.

"Karani," akasema Mratibu, mkuu wetu wa Kasulu, "hapa tunaandika kitabu cha ufugaji nyuki kwa Kiswahili, akisome hata bwana nyuki aliyeletwa juzi kutoka Lindi. Wenzetu wa Kibondo wanataka kiwe kwa Kiha. Ukikutana nao, usiwaazime hata kalamu."

Niwaeleze vijana kazi yenyewe. Kila neno la wafugaji lilipewa kadi yake. Neno hilo, linalokaa juu, tuliliita kidahizo. Chini yake maelezo, pembeni jina la aliyetueleza. Kadi nilizoandika zingeezeka zahanati na baraza yake.

Mwaka uliofuata nikahamishiwa Kibondo, chini ya Mhariri Mkuu. Huyo alizishika kadi zangu za Kiswahili kwa ncha za vidole, kama anayetoa panya mtungini.

"Nyuki wa huku wanafugwa kwa Kiha, bwana. Ukiwaeleza kwa Kiswahili watakutazama tu."

Nikazinakili upya zote. Mwaka 2014 nikarudishwa Kasulu, nikazinakili tena. Kati ya miji hiyo miwili nilimeza vumbi la kufyatulia matofali ya nyumba ya vyumba vitatu, na kitabu hakina hata ukurasa wa kwanza.

Mwaka 2015 mambo yakabana. Mzee Kagoma wa Titye, mfugaji pekee aliyebaki anayejua kuhamisha kundi la nyuki bila moshi, alikuwa anahamia mbali kwa binti yake. Alikubali kutueleza siku moja tu, wakuu wote wawili wakiwapo, asirudie maneno.

Wakaja. Wakamsalimu mzee, wakaketi. Kisha kimya. Kwetu mdogo ndiye huanza kumsalimu mkubwa, na watu wasiosalimiana hawazungumzi. Wakuu wale walizaliwa mwaka mmoja, mwezi haujulikani. Atakayeanza ndiye mdogo, na kambi yake imeshindwa. Mratibu akatazama dari. Mhariri Mkuu akatazama kiatu chake. Chai ikapoa. Tulikaa hivyo, sitii chumvi, msimu mzima wa maharage.

Mzee Kagoma akachukua fimbo yake. "Hata nyuki hupapasana mlangoni," akasema. "Mimi naondoka."

Dawa nilikuwa nayo, ila chungu. Nilipojiandikisha shule ya jioni niliona haya kukaa dawati moja na vijana, nikajipunguzia miaka sita, na miaka hiyo ikaingia kwenye faili la kazi. Kwa faili nilikuwa na hamsini na sita. Kwa mama yangu, sitini na miwili. Na kazi ile ukomo wake ni sitini.

Nikavuta kiti, nikaketi katikati yao.

"Umechoka, karani?" akauliza Mratibu.

"Sijachoka. Nangoja mnisalimie. Nawazidi miaka mitatu, wote wawili."

"Faili lako halisemi hivyo," akasema Mhariri Mkuu.

"Faili lilidanganywa. Aliyelidanganya ni mimi."

Mzee Kagoma akarudisha fimbo ukutani. "Basi mkubwa wenu huyo. Msalimieni."

"Shikamoo," akasema Mratibu, kama anayetema mbegu. Mhariri Mkuu akapiga makofi ya taratibu, akasema kwa Kiha, "Mwakeye." Nikawaitikia mmoja mmoja, bila haraka.

"Sasa, wadogo zangu, salimianeni. Kwa pamoja, nikifika tatu."

Wakasalimiana. Mzee Kagoma akaeleza mpaka jua likazama, nami nikaandika kila kadi pande zote mbili: Kiha huku, Kiswahili kule.

Siku hizi nina mizinga minne, nahamisha nyuki bila moshi na kuumwa si sana. Vijana huniuliza vita vile viliishaje. Havijaisha, wakuu wanabishana upande upi wa kadi ndio wa mbele. Lakini ukutani kwangu nimetundika barua yangu ya kustaafishwa, niliyopewa asubuhi iliyofuata salamu zile. Ndiyo karatasi pekee waliyowahi kuitia sahihi wote wawili, na sahihi zenyewe zimekaa mstari mmoja, hakuna iliyo juu ya mwenzake.