Chungu Nilichokipeleka Bomani

Nichekeni tu, nimestahili. Mwafyale, chifu wetu hapa Ipyana karibu na ziwa, aliniamuru nimpelekee mtalaka wangu kapu la mchele kila mwezi, la kulisha wanetu. Nikapandwa na hasira, nikakata rufaa bomani kwa Bwana Mdachi.

Hoja zangu zilikuwa mbili. Kwanza, mgongo wangu mbovu, siwezi kulima. Pili, mama watoto ni mfinyanzi; auze vyungu, alishe watoto. Kama ushahidi nilinunua chungu chake kikubwa kuliko vyote, nikapanda nacho milima siku mbili.

Barazani niliingia nimejikunja, naguna kama kikongwe. Bwana Mdachi akaanza kunihurumia. Akamuuliza mama watoto kama ana neno.

“Sina, Bwana. Nashangaa tu, chungu changu kimefikaje huku bila hata ufa?”

Hakuniuliza mimi, lakini nilisimama wima, nikajipiga kifua.

“Nani mwingine angekiweza? Nimekibeba mwenyewe, mgongoni, toka ziwani, na sikupumzika hata mara moja!”

Bwana Mdachi akautazama mgongo wangu ulionyooka.

“Ndaga, baba Lwitiko,” mama watoto akanishukuru, akaketi.