Ngozi ya Ndama ya Achille Dorvigny

Mtaani Tremé kila mtu alijua kwamba Achille Dorvigny hapatani na plastiki. Wapiga ngoma wote wa New Orleans walikwisha kuiacha ngozi, wakawamba plastiki. Yeye alibaki na ngozi ya ndama, kama jazi ilivyopigwa enzi za babu yake. Clothilde, binti wa dada yake, alipiga ngoma ya plastiki katika bendi yake ya kisasa, na mjomba alimwita mpiga ndoo.

"Ndoo yangu haiogopi mvua, Mjomba."

"Wala haiujui muziki."

Basi akafa Numa, mpiga tarumbeta, aliyepiga naye bega kwa bega tangu ujana. Kabla ya kufa, pale kitandani, alikuwa amemwapisha: "Nizike kwa ngoma ya ngozi. Ukiniletea plastiki, Achille, nitaketi ndani ya jeneza, uone aibu." Achille akaapa, na Odile, mke wa Numa, akasikia. Kiapo kilichosikiwa na mjane utakimeza vipi?

Siku ya maziko ikanyesha ile mvua ya kwetu isiyobisha hodi. Walipofika kanisani, ngozi ilikuwa imelegea kama mkate ndani ya kahawa. Ibada ikiendelea, Achille akajipenyeza jikoni mwa kanisa, akaishika ngoma juu ya jiko, kando ya sufuria ya gambo, ule mchuzi mzito wa msiba. Ikaanza kukaza. Mwingine angeridhika hapo, lakini huyu alikuwa Achille. Akaishusha karibu zaidi na moto, kidogo tu. Paa! Ikapasuka ukingo hadi ukingo.

Clothilde alikuwa mlangoni na bakuli lake. Akamsogezea ngoma yake kwa mguu.

"Usicheke," mjomba akasema.

"Nani kacheka? Mimi nakula."

Achille akachomeka kitambaa cheupe kwenye nyaya za chini ya ngoma hiyo ya Clothilde, kama ilivyo desturi, ili ilie kwa sauti ya kufifia wakati wa kumsindikiza maiti. Njia nzima ngoma ikavuma chinichini vizuri, watu wakalia, nani angejua? Taabu ilikuwa mbele. Karibu na makaburi bendi hujipanga safu mbili, gari la maiti hupita katikati, ndipo mpiga ngoma huchomoa kitambaa na huzuni ikageuka ngoma ya kucheza. Asipochomoa yeye, hachezi mtu; akichomoa, plastiki italia wazi.

Gari likapita, likaishilia. Achille kashika ncha ya kitambaa, hachomoi. Miavuli iko juu, inangoja. Watu wakaanza kutazamana.

"Mjomba, vuta!" Clothilde akamnong'oneza. "Au unangoja Numa aketi kweli?"

Akafumba macho, akavuta, akapiga. Ngoma ikalia kali kama mjeledi, licha ya mvua. Tarumbeta zikadakia, miavuli ikarukaruka, Odile mwenyewe akakunja sketi akacheza madimbwini. Numa hakuketi.

Walipotulia, Odile akamkumbatia huku analia na kucheka. "Shemeji, Mungu akuweke. Hiyo ndiyo ngozi ya ndama! Hawa wapiga ndoo wataipata wapi sauti hiyo?"

Achille akatazama viatu vyake. Clothilde alikuwa kajiziba mdomo kwa mkono.

"Wataipata wapi, shemeji," akajibu.

Jumatatu Clothilde akaenda kwake kula maharage mekundu na wali, kama kawaida. Aliposhiba akaidai ngoma yake.

"Una haraka gani?" mjomba akasema, akiifunika blanketi. "Bado haijakauka."