Usiku Mzee Mhina Alipoita Kutoka Juu ya Basi

Upo usiku mmoja, mwanangu, ambao nikiukumbuka hata chai inanishinda kumeza. Nimekuona tangu jana unakunja nguo, begi unaliweka hapa, unalihamishia pale, na wimbo mdomoni. Dar inakuita. Mimi nami niliimba hivyohivyo. Basi vuta kigoda ukae kidogo. Begi halina miguu, halitakuacha.

Najua utasema baba mdogo naye ameanza uzee kabla ya mvi. Sawa. Wanasema kuishi kwingi ni kuona mengi. Mimi sijaishi kwingi, na darasani niliishia la saba, lakini usiku ule peke yake uliniongezea miaka ambayo mama yangu hakunizaa nayo.

Nilikuwa na ndoto ya kuwa mtangazaji wa redio. Hapa Mazinde, kwenye mistari ya mkonge, nilikuwa nikitangaza mpira peke yangu, kisu cha mkonge ndiyo kipaza sauti, na wenzangu wakicheka hadi msimamizi anakuja kufoka. Nilipofika Dar, redio hawakunitaka. Nikapata kazi iliyokaribiana nayo: kutembeza wageni usiku kwenye basi la ghorofa lisilo na paa. Watu wanakaa juu, upepo unawapiga, mimi nasimama mbele na kipaza sauti cha kweli. Kulia kwenu hiki, kushoto kwenu kile. Tunaanzia Posta, tunashuka Kivukoni watu waone taa za meli, tunapita kwenye maghorofa marefu, tunarudi. Wageni wa nje walikuwepo, lakini wengi walikuwa watu wetu wenyewe: bwana na bibi harusi, watumishi waliokuja semina, familia iliyotoka bara kutembea.

Kazi ile niliipenda, sikufichi. Nilijua kuchekesha. Na ulimi hauna mfupa, mwanangu, ukishaona watu wanacheka unateleza wenyewe.

Kulikuwa na mtaa mmoja wa maduka ambao usiku vibaraza vyake vinajaa watu waliolala. Wamelala kwenye maboksi, wamejifunika viroba. Basi likipita pale lilipunguza mwendo kwa sababu ya kona, nami nilikuwa na maneno yangu ya pale pale, kila usiku. Nasema: "Mabibi na mabwana, kushoto kwenu ndiyo hoteli yenye nyota nyingi kuliko zote nchini. Mgeni analala chali, anazihesabu mwenyewe!" Watu wanaangua kicheko. Simu zinatolewa, mwanga unamulika vibarazani, pa, pa, pa. Tunakata kona, tunaendelea.

Usiku ninaousema alipanda mzee mmoja peke yake, kanzu safi, koti juu, kofia ya kufuma. Miguu ilikuwa mibovu. Ngazi za basi alizipanda kwa kushika vyuma kwa mikono miwili. Nikamsogelea kumsaidia.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, mwanangu. Hiyo sauti yako si ya hapa. Mwenyeji wa wapi?"

"Korogwe, mzee. Asili yetu Bungu, ila nimekulia Mazinde."

"Aa, Msambaa! Watu wa milimani. Ndiyo maana unapenda kukaa juu." Akacheka kidogo. "Mimi Mhina, natoka Mazingara, Handeni. Niweke pembeni kabisa, upande wa vibarazani."

Nikamweka. Nikajisemea, leo nina mzee wa kwetu, nitampa mambo. Nikaanza kazi. Nikataja majengo, nikataja nani alijenga lipi, wageni wakafurahi. Mzee Mhina hakuinua kichwa kutazama ghorofa hata moja. Alikuwa ameegemea chuma, anatazama chini. Nikadhani kizunguzungu.

Tukafika kwenye ule mtaa. Nikasema maneno yangu ya nyota. Kicheko. Simu. Mwanga.

Yeye hakucheka. Akageuka, akaniita kwa mkono. Nikainama.

"Mwenyeji, hao waliolala ni akina nani?"

"Hao, mzee? Watu wa barabarani tu."

"Kumbe siku hizi barabara inazaa?"

Akaendelea, taratibu kabisa, kama mtu anayeuliza bei ya kitu sokoni: "Umenitajia jina la kila nyumba tangu tulipoanza. Nyumba ina jina, na mtu hana?"

Mwanangu, nimewahi kuchapwa na nimewahi kutukanwa hadharani. Havikuniuma kama maneno yale yaliyosemwa bila hasira. Nikakaa chini karibu na kiti chake. Basi likaenda kimya hadi wageni wakaanza kuuliza kama kipaza sauti kimeharibika.

Ndipo akanieleza. Alikuwa na mwanawe, Rajabu, aliyekuja Dar kutafuta maisha. Mwanzo alikuwa anapiga simu, akisema mambo si mabaya. Baadaye simu ikawa haipatikani. Kisha mtu wa Mazingara aliyekuja mjini akarudi na habari kwamba amemwona kijana anayefanana naye analala vibarazani huku Posta, anakohoa, na alipomsogelea kijana aliondoka. Mzee akauza mbuzi, akaja. Mchana alitafuta, lakini mchana watu wale hawapo, wametawanyika kutafuta riziki. Usiku miguu haimpeleki mbali.

"Leo jioni nikaliona hili basi lenu," akasema. "Nikasema, hili ni dungu linalotembea. Nikikaa juu nitawaona wote."

Dungu unalijua, siku hizi tu mmeanza kulisahau. Kule Handeni mahindi yakikaribia kukomaa nguruwe hawampi mtu usingizi. Kila familia inajenga madungu shambani, vichanja vya miti vya kulalia huku unalinda, mmoja huku, mwingine kule. Na usiku kucha mnaitana. Baba anaita, mtoto lazima aitikie, ijulikane hajalala wala hajapatwa na jambo. Asiyeitikia, watu wote wanashuka na mienge kumtafuta. Kila familia ina mwito wake na mtu anaujua wa kwao kama anavyoujua uji wa mama yake.

"Rajabu nilimlea dunguni," akasema mzee. "Sura zao siwezi kuziona, wamejifunika. Lakini nikipewa hicho cha kusemea, nikaita, ataitikia hata kama yuko usingizini. Nipe mara moja tu."

Hapo nikaona ugumu wake. Wageni wamekuja kufurahi, mwenye basi ni mkali, na kazi yenyewe nilikuwa nimeipata kwa taabu. Nikamwambia asubiri tushushe watu. Tuliporudi mwanzo na wageni wakateremka, nikamfuata dereva, mtu mzima aliyeitwa Beka, nikamweleza.

"Wewe Msambaa unataka turudi kulima wote wawili," akaniambia. "Basi lizunguke saa hizi linapiga kelele mjini?"

"Kaka, ni mtoto wake."

Beka akamtazama mzee aliyekuwa bado ameketi juu, koti limefungwa hadi shingoni. Akatema mate dirishani. "Mzunguko mmoja. Na taa nazima."

Tukarudi kwenye ule mtaa, basi tupu na giza. Mzee Mhina akasimama, mimi nimemshika kiunoni asianguke. Akakitazama kipaza sauti, akakisogeza mdomoni, akavuta pumzi.

"Wa mtoniii! Wa mtoniii! U machooo?"

Rajabu alikuwa akilinda upande wa mtoni. Ndilo lilikuwa jina lake la shambani.

Mlinzi wa duka akafoka, "Nyie walevi, ondokeni!" Viroba vikaanza kutikisika. Kijana mmoja akainua kichwa, akajibu, "Tuko macho babu, njaa hailazi mtu!" Wenzake wakacheka. Mzee hakukasirika. Akaita tena, sauti ikagonga maghorofa ikarudi. Mwito wa tatu ulikatikia kooni, nami nikaanza kutafuta maneno ya kumwambia tuondoke.

Ikatoka sauti nyembamba mwisho wa kibaraza, kule kwenye giza.

"Machooo... niko machooo, baba."

"Huyo," akasema mzee. Neno hilo tu. Akanirudishia kipaza sauti kama mtu anayerudisha jembe la kuazima.

Tukateremka. Rajabu alikuwa ameketi, anashangaa, nadhani hakujua kama ameitikia kweli au ameota. Mwanangu, sikumwona kijana pale. Niliona mifupa na macho. Baba yake akajishusha akaketi kwenye boksi lile lile, kanzu yake nyeupe kwenye vumbi.

"Kwa nini hukuja nyumbani?"

"Ningekuja na nini, baba? Nilisema nitarudi na bati za nyumba."

"Umewahi kunisikia nalia bati? Mvua imetunyeshea miaka yote, hatujayeyuka."

Rajabu akataka kucheka, kikohozi kikamkamata. Kilipomwachia akaniangalia mimi, akasema polepole, "Wewe ndiye wa nyota."

Nikainama nikamshika kwapani, tukamwinua.

Usiku huo walilala chumbani kwangu, na asubuhi nikawasindikiza, kwa sababu mzee hakuweza kumbeba peke yake. Tulishuka Mkata, tukapata gari la kutuingiza hadi Mazingara. Wakampeleka hospitali. Waganga wakajitahidi, lakini kifua kilikuwa kimekwisha kuliwa siku nyingi. Wakaturuhusu turudi naye. Mama yake akamtandikia nje, kivulini kwa nyumba, kwenye kitanda cha kamba, akawa anamlisha uji kwa kijiko kama mtoto aliyeanza kula jana.

Jioni ya kuamkia safari yangu ya kurudi kazini, nilikaa naye. Nikamwomba radhi kwa maneno yale ya kila usiku. Akasema yamekwisha. Kisha akaongeza jambo ambalo hakuliongeza kwa kunikomoa, alikuwa anazungumza tu, kama wagonjwa wanavyozungumza.

"Nilikuwa nakusikia unavyoongea. Nikajua huyu ni mtu wa kwetu Tanga. Simu yangu ilishaibiwa, mjini kuomba mtu simu ni kazi, wanadhani wewe mwizi. Nikasema, leo basi likipunguza mwendo nitamwita yule ndugu, anipigie kwa baba. Kila siku nasema leo. Basi linafika, nainuka, halafu watu wanacheka. Najifunika tena."

Niliondoka pale nikaenda nyuma ya nyumba, nikalia kama mtoto. Mzee Mhina alinikuta. Nilitaka anitukane. Nilimwambia, "Mzee, angeniita mapema angepona." Akanishika bega. Hakusema siyo. Ningependa nikwambie alisema siyo, mwanangu, lakini sitakudanganya. Alisema, "Twende ukale, kesho una safari."

Mwezi haukuisha, nikarudi Mazingara kwa mazishi. Wazee walisema maneno mengi mazuri. Baba yake alisema machache: kwamba amemzika mwanawe huku anajua amelala wapi, na kwamba wapo wazazi ambao hawatalijua hilo hadi nao wafe. Nikatazama chini. Nilikuwa nimewapita wangapi?

Ndiyo hayo. Sikukuketisha hapa ili nikukatishe tamaa. Nenda Dar. Jiji si shetani, kuna watu wema kule, hata Beka na ukali wake wote alikuja mazishini na mchele begani. Nenda ukatafute, ndoto zako usiziache nyumbani, mimi mwenyewe zangu nyingine bado ninazo.

Lakini sikiliza. Kila mtu utakayemkuta chini, hakudondoka kutoka mawinguni. Ana mahali alipozaliwa, ana mtu anayemwekea chakula akidhani labda leo atatokea. Usimtanie kabla hujamjua jina. Hujafa hujaumbika. Kama huna cha kumpa, muulize tu: ndugu, kwenu ni wapi? Swali hilo halina gharama, na huenda ndilo alilokuwa akilisubiri. Na ukijaliwa kipaji cha kuchekesha watu, kama mimi, angalia kwanza wanamcheka nani. Kicheko kinaweza kumziba mtu mdomo kuliko kofi.

La pili, na hili ndilo lililonifanya niache kazi zangu leo nikusubiri. Mambo yakikushinda kule, rudi. Usingoje bati, usingoje nguo nzuri. Watu watakwambia mkono mtupu haulambwi. Ni kweli, ndivyo ulimwengu ulivyo. Lakini mzazi halambi mkono wa mwanawe, anaushika. Rudi ukiwa mgonjwa, rudi ukiwa na deni, rudi ukiwa na aibu iliyokujaa hadi machoni. Hapa hakuna atakayekuuliza umeleta nini kabla hujanawa na kula. Na atakayekuuliza, atanikuta mimi mlangoni.

Haya, inuka, gari la Dar halimngoji mtu. Mungu akutangulie njiani, akukutanishe na watu wenye haya na huruma, akukinge na maradhi na watu wabaya. Akupe riziki ya halali, hata iwe ndogo. Na siku akikurudisha kwetu, akurudishe ukiwa unatembea kwa miguu yako, nasi tukiwa hai wa kukupokea begi. Nenda na radhi zangu, mwanangu. Na za marehemu baba yako ninazo mimi, nazo nakupa zote.