Macho Mekundu ya Mama Mwenye Nyumba Wangu

Jumanne asubuhi nilipigiwa simu kutoka Chemchem: yule mama aliyenipangisha chumba kule Goweko, enzi nikiwa mwalimu mgeni, amefariki. Wasomaji wangu hamumjui. Mimi nilimjua, na ninaandika haya nikiwa na aibu.

Alikuwa mjane, mkulima wa tumbaku. Msimu wa kukausha alishinda mbele ya bani, kile kibanda cha udongo cha kukaushia majani, akichochea kuni, na moshi ukamwachia macho mekundu ambayo hayakupona hata msimu ulipokwisha. Jioni alinipa ugali bila kuombwa. Nami, kijana niliyejiona mwandishi, nikakaa kwenye meza yake nikawatungia wanafunzi hadithi: mchawi mzee, mpweke, mwenye macho mekundu, anayeruka angani kwa ungo. Macho niliyachukua kwake. Hata ungo ulikuwa wake, umetundikwa ukutani.

Nilimsomea, maana nilitaka sifa. Akasikiliza hadi mwisho, akauliza, "Mwanangu, huyo si mimi?"

Nikacheka. "Hapana mama, ni hadithi tu."

"Basi mbadilishe. Hapa kwetu hadithi haiwi hadithi tu."

Nikabadilisha, kwa uvivu wangu. Mchawi akawa mlozi, kikongwe akawa ajuza, macho mekundu yakawa macho ya rangi ya damu. Kisha nikaona nimepata zoezi: nikawapa darasa la sita hadithi ile waiandike upya kwa visawe. Waliandika vizuri mno. Nilipomwonyesha mama, alisema, "Umembadilisha nguo. Mtu ni yule yule," akarudi kwenye moto wake.

Mwaka uliofuata nilikuwa nimeshahamia mjini. Mtoto wa jirani yake alikufa kwa homa, na kitongoji kikaitisha kikao. Mpwa wa mama, aliyekuwepo, alinisimulia: baba mmoja alisimama na daftari la binti yake, akasoma kwa sauti habari za ajuza mwenye macho ya damu, kisha akauliza, "Kama si kweli, mbona mwalimu kaweka alama ya vema?" Mama alipewa mpaka jua lizame awe ameondoka, na bani lake likachomwa moto. Amemalizia maisha yake kwenye chumba cha uani kwa mpwa huyo, kule Chemchem, bila shamba.

Nilimtembelea mara mbili tu. "Shikamoo, mama." "Marahaba, mwalimu. Bado unaandika?" Nikasema naandika. Sikuwa na ujasiri wa kuomba radhi.

Sisi wa kalamu tunapenda kubadilisha maneno tukidhani tumebadilisha mambo. Jana tuliandika "imani potofu", leo tunaandika "changamoto ya kijamii", na vikongwe wanaendelea kufukuzwa makwao. Mama yule hakuniomba neno zuri zaidi. Aliniomba nimtoe kwenye hadithi. Ilikuwa kazi ya kufuta mistari miwili, na kalamu ilikuwa mkononi mwangu.