Nukta Nyekundu Iliyoniumbua

Bado nna hasira, na nyingi nimejikasirikia mwenyewe. Mwanangu anataka niache kuendesha gari, ati macho yangu yamechoka. Basi kwa ubishi nikampeleka mjukuu wangu Thuraya, mpiga shabaha wa mashindano, kutoka kwetu mtaa wa Qurum mpaka duka moja la bunduki mtaa wa Wadi Kabir, achague kioo cha kulengea cha kufunga juu ya bunduki.

Muuzaji akatoa viwili: cha nukta nyekundu ya mwanga, na cha hologramu, yaani picha ya mwanga, chenye nukta ndani ya duara. Nikachungulia kile cha kwanza. Nukta gani ile! Imetapakaa kama nyanya iliyokanyagwa.

"Huna haya? Unatuuzia kitu kibovu!" Wateja wote wakageuka. "Mie natunga uzi sindanoni bila miwani!"

"Bibi, mbona mie naiona ya mviringo?" Thuraya akaninong'oneza.

"Nyamaza! Wewe wa juzi utanifundisha mie kuona?"

Muuzaji akasema taratibu, "Bi mkubwa, hebu kizungushe. Ule mtapakao ukizunguka nacho, kioo kibovu. Ukibaki pale pale, ni jicho."

Nikakizungusha kwa ghadhabu, kulia, kushoto. Ule mtapakao haukutikisika, ukabaki pale pale.

Thuraya akanyoosha mkono mbele ya watu wote. "Bibi, nipe ufunguo wa gari."