Wimbo wa Chakula Kilichofunikwa

Nilikuwa nimeshika mkasi niliposikia wimbo wa mama yangu ukiimbwa na watu wengine. Cherehani yangu ipo kibarazani pa duka la vitambaa, karibu na stendi ya Babati, na jirani yangu wa mkono wa kushoto ni fundi simu ambaye pia huwauzia watu nyimbo kwenye memori kadi. Spika yake haipumziki. Nimezoea kushona huku nikisikia injili na singeli vikipokezana, na huwa sisikilizi. Siku hiyo nilisikiliza, kwa sababu sauti ya kwanza ilianza pale pale Mama anapoanzia, ikashuka pale pale anaposhukia, halafu ikasema chakula chako nimekifunika.

Niliacha kitambaa cha mtu mezani nikaenda kuangalia. Kwenye simu ya fundi kulikuwa na video. Kwaya ilikuwa imesimama kando ya Ziwa Babati, wanawake wanayumba kushoto na kulia, na wote wamevaa magauni ya bluu ya mawingu yenye utepe mweupe kifuani. Magauni yale nilikuwa nimeyashona mimi. Waliniletea kitambaa wakasema ni ya harusi ya mwenzao. Chini ya video paliandikwa jina la mwalimu wao wa kwaya kuwa ndiye mtunzi, na kwamba haki zote zimehifadhiwa.

 Nilimrudishia fundi simu yake nikatoka nje.

Wimbo ule ulitokana na mdogo wangu. Alikuwa anaendesha bodaboda, na jioni moja akirudi nyumbani kula aligongwa na lori barabara ya Dodoma, pale Bonga. Mama alikuwa amemwekea ugali na mboga mezani, akavifunikia sahani nyingine juu, kama alivyofanya kila siku akichelewa. Tulipotoka hospitali usiku ule bila yeye, chakula kilikuwa bado kipo. Hakuna aliyekigusa mpaka shangazi alipokiondoa bila kumwuliza mtu.

Miezi kadhaa baadaye, Mama akipepeta mbaazi uani kwetu Maisaka, alianza kuimba taratibu. Chakula chako nimekifunika, mwanangu, usichelewe. Mlango sijaufunga, mwanangu, usichelewe. Alikuwa ndiye mwalimu wa sauti za wanawake katika kwaya ya usharika wetu, kwa hiyo haukupita muda akaupeleka mazoezini. Watu waliuimba wakilia. Kwa Mama wimbo ule ulikuwa mahali pekee alipoweza kumtaja mwanawe bila mtu kumshika bega na kumwambia anyamaze, amshukuru Mungu kwa yote. Ukimwondolea wimbo ule, unamwondolea ruhusa ya kulia.

Katika kwaya zetu wimbo hauna jina la mtu. Unafundishwa kwa mdomo, ukishakolea ni wa kwaya, na mtunzi anakaa mstarini na wenzake kama kawaida. Tena tuna desturi ya kutembeleana na kuachiana wimbo. Kwaya ya mbali ikija, wenyeji wanawapikia, wanaimba pamoja, na kabla wageni hawajapanda gari wanafundishwa wimbo mmoja wa kwenda nao. Sharti ni dogo tu. Kila mtakapouimba, kabla ya kuanza, semeni mlikoupata. Ndiyo hati yetu, kama unataka kuiita hati. Tangu nikiwa mtoto nimesikia kwaya zikisimama na kusema wimbo huu tuliachiwa na wenzetu wa mahali fulani, na watu wa mahali hapo kama wapo wanainua mikono kwa fahari.

Hivyo ndivyo Mama alivyompa yule mwalimu wa kwenye video wimbo. Kwaya yake ilitutembelea wakati wa Pasaka, wakala pilau yetu, na Mama akaketi nao chini ya turubai akiwafundisha soprano, akaenda kwa alto, akawaelekeza hata wanaume wa tenori na besi kwa kuwanong'onezea. Mwalimu aliomba kurekodi kwenye simu ili wasisahau. Mama alimsogelea ili sauti iingie vizuri.

Sasa mtu huyo alikuwa redioni. Nilimsikiliza nikiwa nakunja pindo la sketi, na sijui kwa nini sikuzima. Mtangazaji alimwuliza wimbo ule aliupataje. Akasema alikuwa mlimani kwenye maombi ya kufunga, na siku ya mwisho Roho akamfunulia maneno. Mtangazaji akauliza, na hicho chakula kilichofunikwa? Akajibu kwa sauti ya unyenyekevu kwamba kilifunikwa kwa sababu alikuwa amefunga. Neno mwanangu alilitoa akaweka Bwana. Bwana, usichelewe. Nimeona wezi wengi hapa stendi, wa mabegi na wa kuku, lakini sijaona aliyeiba sahani ya marehemu kisha akaitolea ushuhuda.

Mwenye duka la vitambaa, Mwislamu mtu mzima ambaye tumekaa naye jirani miaka mingi, alinikuta nimenuna. Nikamweleza.

"Dada, mtu akichukua doti yangu ya kitenge akasema amepewa na Mungu, mimi simwombei," alisema. "Namfuata."

"Lakini sisi mafundi tunaigana kila siku," nikamwambia. "Mteja ananiletea picha kwenye simu anasema nishonee kama hii. Sijawahi kumwuliza mshono ni wa nani."

"Umewahi kumwambia umeuota?"

Sikuwahi. Na hapo ndipo nilipoanza kuelewa kinachonitia kinyaa. Kuiga sikuwa na neno nako. Mji mzima unaishi kwa kuigana. Kinyaa changu kilikuwa kwa mtu anayepita mlango uliofunguliwa kwa ukarimu, kisha akiwa ndani anaufunga na kutia kufuli lake.

Maana kufuli lilikuja. Binti mmoja wa kwaya yetu aliweka mtandaoni video yetu tukiuimba kwenye ibada, ikaondolewa kwa malalamiko ya mwenye haki. Kisha mwenyekiti wetu wa kwaya akapokea ujumbe kwamba tukiendelea kuuimba hatua zitachukuliwa. Mwenyekiti ni mtu mwema, na wema wake wote upo kwenye kuogopa. Baada ya mazoezi alisema wimbo ule tuuweke pembeni kwa sasa tusije tukaingia matatani. Mama alikuwa amekaa benchi la mbele. Alisema sawa. 

Mimi ndiye niliyekwenda kwa afisa utamaduni. Alinisikiliza vizuri, na akasema jambo si gumu kama Mama atatamka mbele ya mashahidi kwamba maneno na sauti ni vyake, kavitunga yeye. Mchungaji wetu akakubali kuwaita Mama na mwalimu ofisini kwake pamoja na wazee wa usharika. Nilimwambia Mama njia nzima: sema ni vyangu, basi. Neno moja tu.

Mwalimu alifika na gari na shati lililopigwa pasi mpaka likakauka. Alipomwona Mama aliinama, akampa mikono yote miwili.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba, mwalimu. Wa nyumbani hawajambo?"

Hawajambo. Tukaletewa chai na maandazi. Wazee walikula kama watu waliokuja kwa ajili hiyo, na mmoja wao alisifia video, akisema inaitangaza Babati yetu. Nilimtazama makombo yakimwangukia kwenye tai nikamchukia bila kosa kubwa.

Mwalimu ndiye aliyeanza. "Mama yangu, mimi nakuheshimu. Lakini tukumbushane, kipaji ni cha Mungu. Wimbo wa injili si mali ya mtu."

"Kama si mali ya mtu," nikasema, "kwa nini umeandika haki zote zimehifadhiwa?"

"Hizo ni taratibu za kisasa tu, dada. Kila mtu anaandika."

"Na video yetu uliiondoa kwa taratibu hizo hizo?"

Mchungaji akaniomba nimpe Mama nafasi. Akamgeukia. "Mama, tuambie wewe. Wimbo huu ni wako?"

Mama aliweka kikombe chini. Alikuwa amejifunga kitenge chake cha kanisani, na Kiswahili chake kikatoka kizito, cha kwao milimani Mbulu, kama kila mara anapochagua maneno.

"Maneno ni yangu. Ni ya mwanangu. Sauti siyo yangu. Kwetu wanawake walikuwa wanasaga nafaka kwa jiwe, wanaimba hivyo. Mama yangu aliimba. Yeye aliisikia kwa wengine. Siwezi kusema mbele ya Mungu ni yangu mimi."

Nilifumba macho. Nilijua mwalimu atasema nini kabla sijamsikia.

"Mnaona," mwalimu akasema, na uso wake ukafunguka. "Mama mwenyewe amesema ukweli. Sauti haina mwenyewe. Mimi nimeiokota tu nikaitengeneza studio, nikailipia, ndiyo maana ikaandikwa jina langu."

Sikuwahi kuona ukweli ukigeuzwa haraka namna ile kuwa kamba ya kumfunga aliyeusema. Mama alikuwa amesema ni ya wengi. Yeye alisikia kwamba haina mtu, na kisichokuwa na mtu ni chake. Wazee wakapumua. Walifurahi, niseme wazi, walifurahi kwamba hapakuwa na kesi, na kwamba mwanamke mtu mzima amekuwa mkweli hadi kuwarahisishia kazi. Mmoja akasema jambo hili limeisha kwa amani. Mwingine akapendekeza mwalimu aiandikie kwaya yetu shukrani chini ya video, na mwalimu akasema hilo linawezekana, ataongea na wahusika.

Mama akainua mkono kama mwanafunzi.

"Sauti imba. Wanawake wa kwetu hawatakukataza. Naomba kitu kimoja. Toa chakula cha mwanangu."

 Mwalimu alipangusa midomo kwa leso. Nadhani kwa mara ya kwanza alimwelewa, na kwa hilo namchukia zaidi, maana kama angekuwa hajaelewa ningemsamehe ujinga.

"Mama, pale siwezi kupatoa," alisema kwa upole. "Pale ndipo watu wanapolia."

Mchungaji akafunga kwa sala. Tukashikana mikono, na mkono wa mwalimu ulikuwa laini. Nilipofika nyumbani niliosha wangu kwa sabuni ya kufulia.

Shukrani hazikuandikwa. Wimbo ukaenda ukapendwa zaidi, ukawa unapigwa misibani, na sasa hakuna msiba hapa mjini ambao spika zake hazijaupiga. Mwalimu aliniletea kitambaa kingine cha sare, cha zambarau, nikamwambia nina kazi nyingi. Alisema Mungu anibariki.

Mwaka huu mama mmoja tunayefahamiana naye kule Mutuka alifiwa na kijana wake. Mimi na Mama tulikwenda, tukaketi na wanawake wengine kwenye mkeka. Kabla jeneza halijatolewa, kijana wa spika akauweka wimbo. Wanawake wote walianza kuufuatisha, na mfiwa akaanguka mikononi mwa dada zake akilia. Mama alikuwa hajauimba hadharani tangu siku ile ya ofisini. Nilimwona midomo ikianza kutikisika, kisha sauti ikatoka, ile ya zamani, iliyokuwa ikiongoza mstari mzima. Chakula chako nimekifunika, mwanangu, usichelewe.

Jirani yetu kwenye mkeka alikuwa mwanamke kijana, amejitanda kanga vizuri, mwenye adabu. Aligeuka, akamgusa Mama goti.

"Samahani, Mama," akamnong'oneza. "Hapo si mwanangu. Ni Bwana. Umekosea maneno."

Akamsogezea simu yake, maneno yakiwa yameandikwa kwa herufi kubwa. Nilifungua mdomo niseme, Mama akanibana mkono nisiseme. Alimshukuru yule binti, akatoa miwani kwenye mkoba, akaivaa, akaimba kama simu ilivyoandika.